Kumzoesha Mjusi Ndevu Nyumbani Malindi

Mjusi ndevu, yule mnene wa rangi ya mchanga mwenye miiba laini kooni na ubavuni, asili yake ni maeneo makavu ya ndani ya Australia. Kwa kuwa nchi hiyo hairuhusu biashara ya kuuza nje wanyama wake wa asili wakiwa hai, wale wanaofugwa kihalali kwingineko duniani ni wazao wa vizazi vingi vilivyozaliwa kizimbani, na hiyo ni sababu mojawapo ya upole wao. Wana ndugu hapa kwetu: mijusi wenye vichwa vyekundu wanaoota jua juu ya kuta za mawe ya matumbawe na kutikisa vichwa mbele ya wenzao ni wa familia moja nao. Ndugu hao, pamoja na vinyonga, waachwe walipo. Sheria ya wanyamapori ya mwaka 2013 haikuachii uwakamate na kuwafuga upendavyo, na hata kwa mjusi ndevu wa kununuliwa ni lazima ukaulize ofisi ya Shirika la Wanyamapori la Kenya (KWS) kuhusu kibali kabla hujampokea, wala si baada ya kumfikisha nyumbani.

Mtu akimpata mjusi huyu, shauku yake ya kwanza huwa ni kumshika. Naomba aizuie shauku hiyo, kwa sababu kumzoesha mjusi ni kumwondolea sababu za kuogopa, moja baada ya nyingine, mpaka mkono wako usimtishe tena. Na sababu za mwanzo kabisa zimo mwilini mwake, katika joto, mwanga na hewa anayovuta. Mjusi aliyepoa hawezi kusaga chakula wala kujifunza, na anachoweza kufanya ni kujihami tu.

Hapa ndipo hali ya hewa ya Malindi inapowadanganya wengi. Husemwa kwamba mnyama wa nchi ya joto akija mji wa joto hahitaji kufanyiwa lolote, ilhali joto la kivulini la nyuzi 30 ambalo sisi tunalilalamikia halimtoshi. Anahitaji jiwe au gogo la kuotea lenye nyuzi 38 hadi 42, na upande wa pili wa kizimba uwe na nyuzi 24 hadi 28 ili aweze kujipoza anapotaka. Kwa mjusi mzima, kizimba kisipungue urefu wa sentimita 120 na upana wa sentimita 60, na kipimajoto kiwekwe kila upande, kwa maana kukisia kwa kiganja hakufai.

Shida kubwa zaidi ni unyevu. Mjusi huyu hustawi katika hewa yenye unyevu wa asilimia 30 hadi 40, na hewa ya bahari ya Malindi hupita kiwango hicho karibu mwaka mzima, hasa wakati wa mvua za masika. Kwa hiyo usimfungie katika kizimba cha kioo kitupu. Tafuta fundi seremala akutengenezee cha mbao chenye wavu mpana pande mbili zinazokabiliana, ukiweke chumba cha juu kinachopitisha upepo badala ya pembe ya ukumbi yenye sakafu baridi, na bakuli la maji liwe dogo, mbali na taa. Ukimsikia akikoroma anapopumua, au ukaona ute puani, acha mazoezi yote na umpeleke kwa daktari wa mifugo, kwani hayo huenda yakawa maradhi ya mapafu.

Mwanga nao una kanuni yake. Mwili wake hutengeneza vitamini D kwa miale ya UVB, yaani miale ya jua tusiyoiona kwa macho, na bila vitamini hiyo kalsiamu ya chakula haimfikii mifupani; mifupa hulainika, taya huvimba na miguu hupinda. Kioo cha dirisha huzuia miale hiyo, basi kuota jua nyuma ya dirisha lililofungwa hakumsaidii. Tumia taa maalumu ya UVB, na asubuhi za jua mtoe nje katika kizimba cha wavu ambacho nusu yake ina kivuli, ukikaa naye karibu muda wote, maana kunguru wa mji huu hawana subira na paka ni wengi. Jua la saa sita mchana msimu wa kaskazi linaweza kumwua, kwa hiyo mtoe mapema na umrudishe mapema. Siku ambayo umeme umekatika tangu alfajiri na mawingu yamefunika, mwache apumzike.

Baada ya hapo jifunze kumsoma, na sehemu hii ndiyo ninayoiona kuwa ya thamani kuliko zote. Koo likivimba na kuwa jeusi tititi, amekasirika au ameogopa, au dume anaonyesha ubabe wake. Akiinua mkono mmoja na kuuzungusha polepole hewani, anajinyenyekeza na kuomba asidhuriwe. Watoto huona anawapungia na hufurahi, lakini mjusi anayefanya hivyo kila ukimkaribia bado anakuogopa. Kutikisa kichwa kwa haraka ni kudai enzi. Kinywa wazi kina maana mbili: akiwa juu ya jiwe la moto, ametulia na koo halina weusi, anapoza mwili, akikigeuza kuelekea mkono wako huku amejitandaza na kuvimba, anakuonya. Kujitandaza peke yake asubuhi chini ya taa, mgongo ukiwa na rangi nzito, ni njia yake ya kunywa joto kwa haraka. Na kufumba macho anaposhikwa, ambako wengi hukuchukulia kuwa ni raha, mara nyingi ni dalili ya mnyama aliyezidiwa; ukiona hivyo, mrudishe.

Juma la kwanza asishikwe kabisa. Mpe chakula, safisha, kisha keti karibu na kizimba ukisoma au ukizungumza kwa sauti ya kawaida. Akianza kula mbele yako bila kukutazama kwa wasiwasi, ingiza mkono na uulaze sakafuni upande wa baridi, usimfuate. Mkono usitoke juu kamwe. Utosini ana jicho la tatu, doa dogo lisiloona sura ila linahisi mwanga na kivuli, na kwa mnyama ambaye adui zake wengi ni ndege, kivuli kinachoshuka kutoka juu kina maana moja tu. Ndiyo maana kizimba chenye mlango wa mbele ni bora kuliko kile kinachofunguliwa juu.

Wakati wa kumnyanyua, pitisha vidole chini ya kifua chake kutoka ubavuni, kiganja kikibeba tumbo, na mkono wa pili ushike shina la mkia na miguu ya nyuma, ili miguu yote minne ipate mahali pa kukanyaga. Usimkamate mkia. Mjusi kafiri wa ukutani hukata mkia ukaota mwingine, lakini wa mjusi ndevu ukivunjika hauoti tena. Mwanzoni dakika tano zinatosha, na ziongezwe taratibu hadi robo saa. Muda mzuri ni baada ya kuota joto kwa saa moja hivi. Akishakula, subiri chakula kitulie. Akianza kufurukuta, usimbane wala usimrudishe kizimbani papo hapo, kwa sababu atajifunza kwamba kufurukuta ndiko kunakomfungulia mlango: shusha mikono karibu na sakafu, mwache akanyage kifua au paja lako, ngoja atulie japo kwa pumzi chache, kisha mrudishe.

Chakula ndicho ujira wa mafunzo, kwa hiyo kichaguliwe kwa makini. Mdogo hula wadudu zaidi. Mzima hula majani zaidi, na wadudu mara chache kwa juma. Sukuma wiki iliyokatwakatwa na boga lililokunwa humfaa. Mchicha usiwe chakula cha kila siku kwa kuwa una asidi inayoshika kalsiamu. Parachichi asipewe hata kidogo, wala vimulimuli, ambao baadhi yao wana sumu kali kwake. Panzi wa shambani huenda wamepuliziwa dawa, basi ni heri ufuge nyenje wako mwenyewe, na uwanyunyizie unga wa kalsiamu kabla ya kumpa. Mdudu asizidi upana wa nafasi iliyo kati ya macho yake mawili.

Sasa chukua kijiti chembamba na ukichomeke kizibo chekundu cha chupa nchani. Kilete mbele yake, usawa wa macho, umbali wa kiganja kimoja. Atakitazama kwa jicho moja, atageuza kichwa ili akitazame kwa la pili, kisha atasogea na kutoa ncha ya ulimi kukigusa. Mara tu ulimi au pua inapogusa, mpe nyenje mmoja kwa kibano. Rudia mara chache tu, uache akiwa bado ana hamu. Siku zinavyopita, sogeza kizibo kidogokidogo mpaka akifuate hadi kiganjani mwako, na hapo atakuwa anapanda mkononi kwa hiari yake. Hili si jambo la kushangaza kwa mnyama huyu: mwaka 2014 watafiti wa Chuo Kikuu cha Lincoln, Uingereza, walitoa matokeo yaliyoonyesha kwamba mjusi ndevu aliweza kujifunza kufungua kijilango cha kusukuma kwa kumtazama mwenzake akifanya hivyo.

Pamoja na hayo, usimnunulie mwenzake. Kwa maumbile hupenda kukaa peke yake, na madume wawili katika kizimba kimoja huumizana.

Wenye nyumba pia wazoeshwe. Wazee wengi wa Pwani wanamchukia mjusi kafiri kwa sababu za dini na za desturi, na si adabu kumleta mjusi wa aina yoyote ndani bila kuzungumza kwanza na mama au bibi, kumweleza ni mnyama gani, na kukubaliana mahali atakapokaa, mbali na jikoni na mahali pa kuswalia. Watambaazi hubeba bakteria wa salmonela bila wao kuugua, kwa hiyo kila anayemshika anawe mikono kwa sabuni, vyombo vyake visioshwe karaini moja na sahani za watu, na watoto wa chini ya miaka mitano wasimshike. Mtoto mkubwa aketi chini kabla ya kukabidhiwa, ili mjusi akiponyoka asianguke kutoka juu.

Kutakuwa na siku za kurudi nyuma. Akiwa anajivua ngozi hapendi kuguswa, na ngozi isibanduliwe kwa nguvu. Akihamishiwa chumba kingine anaweza kususa chakula kwa siku kadhaa, na wengine hupitia kipindi cha kulala sana na kula kidogo. Mpime uzito kila juma kwa mizani yake mwenyewe na uandike: uzito ukibaki palepale, mwache alale, ukiendelea kushuka, chukua maandishi hayo pamoja na kinyesi chake katika kikopo safi umpelekee daktari wa mifugo, apate kuchunguza minyoo na vijidudu vya tumboni.