Beringi ya tairi la nyuma kwenye Noah: namna ya kuibadilisha mwenyewe nyumbani

Shemeji yangu ana Noah inayobeba abiria kati ya Moshi na Marangu. Mwezi mzima alikuwa akiniambia, "Shemeji, hii gari inavuma kama ndege." Alikuwa ameshanunua tairi mbili mpya kwa sababu mtu alimwambia tatizo ni tairi. Mvumo haukuondoka. Jumamosi tukaiingiza uani, tukaitengeneza, na jioni akanitaka nimwandikie hatua zote ili upande wa pili aufanye mwenyewe. Nimeona heri niziweke hapa.

Kwanza tuelewane ni Noah ipi. Naizungumzia ile ya zamani, TownAce Noah ya 1996 hadi 2001, ya injini chini ya viti vya mbele na difu nyuma. SR40 ndiyo wengi wanayo. Noah zilizofuata, za kuvutwa na tairi za mbele, kwa nyuma zina hubu (beringi na kikombe chake pamoja) ya kufungwa kwa bolti, hiyo ni kazi nyepesi na haihitaji mwongozo. Ukiwa na LiteAce ya zamani au pikapu ya difu nyuma, mengi ya hapa yatakufaa.

Hakikisha ni beringi kabla hujafungua kitu

Beringi iliyochoka huvuma, na mvumo hupanda kadiri mwendo unavyopanda. Tairi lililokula vibaya nalo hufanya hivyo hivyo, ndiyo maana shemeji alipotea. Hamisha tairi za nyuma ziende mbele. Mvumo ukihama nazo, ni tairi. Ukibaki palepale, endelea.

Difu nayo huvuma. Ukiwa kwenye 60, achia mafuta ghafla kisha kanyaga tena. Sauti ya difu hubadilika unapoachia na unapokanyaga. Ya beringi haijali mguu wako, inajali mwendo tu, na mara nyingi hubadilika unapokata kona kwa sababu uzito unahamia upande mmoja.

Mwisho inua upande unaoshuku, gia ikiwa huru na hendibreki imeachiwa, zungusha tairi kwa mkono mmoja huku mkono mwingine umeshika springi. Beringi mbovu utaisikia vidoleni kama mchanga unasagwa. Kisha shika tairi juu na chini ulitikise. Usiwashe gari na kuingiza gia huku tairi moja likiwa hewani. Difu ya kawaida hulipeleka lile la hewani mara mbili ya mwendo wa kawaida, na jeki haikutengenezwa kwa mtikisiko huo.

Vitu vya kununua

Beringi, kola yake (ile pete nene ya chuma inayoikaba beringi kwenye ekseli), sili ya oili ya ndani, na lita moja ya oili ya difu. Kola nunua mpya daima. Ya zamani itakatwa, na hata ungeitoa nzima usingeirudisha. Nitaeleza kwa nini.

Namba ya beringi imechongwa kwenye ukingo wake. Kama huna haraka, fungua kwanza, soma namba, ndipo uende dukani na ile mbovu mkononi. Mimi hununua Koyo, NSK au NTN na si kingine, lakini jina kwenye boksi halitoshi kwa kuwa maboksi hughushiwa. Izungushe sikioni. Maandishi yawe yamechongwa safi kwenye chuma chenyewe, si kuchapwa kwa wino unaofutika kwa kucha. Kama bei ni nusu ya duka la jirani, iache.

Inua gari

Kaba tairi za mbele kwa mawe, mbele na nyuma. Legeza nati za tairi gari likiwa chini, inua, weka stendi chini ya ekseli, achia hendibreki. Usilale chini ya gari lililoshikwa na jeki peke yake.

Upande unaoufanyia kazi uwe juu kuliko mwingine. Oili ya difu itakimbilia upande wa pili na haitakumwagikia utakapochomoa ekseli.

Dramu

Ikigoma, usiipige nyundo pembeni. Ina matundu mawili yenye uzi, ingiza bolti za nane, zile za spana ya 12, uzikaze kwa zamu. Itajisukuma yenyewe.

Ukikuta brekishuu zimelowa oili, sili ilishakufa zamani. Brekishuu hizo ni za kutupa. Usiziloweke kwenye petroli ukidhani umeziokoa, zikipata moto oili inatoka tena.

Kuchomoa ekseli

Chungulia nati nne zinazoshika kibati cha beringi, kile chenye matundu manne kinachoizuia beringi isitoke. Kuna magari ambayo hufunguliwa kwa mbele, ukipitisha soketi kwenye tundu la flenji ya ekseli (kile kichwa cha duara kinachofungwa tairi), unazungusha flenji ukifuata nati moja baada ya nyingine. Kuna mengine nati ziko nyuma ya sahani ya breki (lile bati linalobeba brekishuu), na hapo sahani nzima hutoka pamoja na ekseli, hivyo utafungua bomba la breki na waya wa hendibreki. Bomba lifunguliwe kwa spana ya mabomba, ile iliyokatwa mdomo. Spana ya kawaida hula kona za nati, na kuanzia hapo umejitafutia kazi nyingine. Kama gari lina ABS, toa sensa yake kwanza usije ukaivunja.

Sasa ekseli haitatoka kwa kuvuta na mikono. Huna haja ya kununua nyundo maalumu ya kuvutia ekseli. Chukua dramu uliyoitoa, igeuze ndani nje, ifunge kwenye flenji kwa nati mbili au tatu za tairi zilizoshika uzi kidogo tu, uache nafasi ya dramu kucheza, halafu ivute kwako kwa kishindo. Dramu yenyewe inakuwa nyundo. Mara nne au tano inatoka. Ikianza kuja ibebe kwa mikono miwili, meno ya ndani yasiikwaruze nyumba ya sili.

Kukata kola na kupresi mpya

Hapa ndipo nilipopoteza siku nzima mara ya kwanza, kwa hiyo soma hadi mwisho kabla ya kushika grenda.

Ujue kwanza kola inafanya nini. Kwenye ekseli ya namna hii beringi inakaa kwenye ekseli yenyewe, na tairi limefungwa kwenye ekseli hiyo hiyo. Kinachozuia ekseli isitoke nje na tairi lake ukiwa njiani ni ile kola tu, imekaa kwa kubana. Haina nati wala pini. Kola ikilegea, tairi linatoka pamoja na dramu na breki ya upande huo inaondoka nalo. Kwa hiyo fundi akikuambia "hii ya zamani bado nzuri," mwambie asante, uende na mpya.

Kabla ya kukata, piga picha. Kola iko upande gani, beringi imeelekea wapi, na juu ya yote, kibati chenye matundu manne kiko wapi. Kiko kati ya beringi na flenji. Hakipiti juu ya beringi, wala hakipiti juu ya flenji. Maana yake lazima kiingie kwenye ekseli KABLA ya beringi mpya. Unaona ni jambo la wazi? Mimi nilipresi beringi, nikapresi kola, nikarudi nyumbani nikiimba, nikakuta kibati kimelala juu ya ndoo kinanitazama. Beringi mpya, kola mpya, vyote vikakatwa. Nikanunua seti ya pili jioni ileile. Kama breki yako ni ile ya sahani kutoka na ekseli, sahani nayo hutangulia, pamoja na kila kilichokuwa nyuma yake. Siku hizi, kibati kikitoka tu, nakifunga kwa waya kwenye flenji.

Sasa kata. Vaa miwani. Kwa grenda, saga kola sehemu moja ukienda taratibu hadi ibaki nyembamba kama kadi ya simu, hapo simama. Usijaribu kuimaliza kwa grenda. Weka tindo kwenye mfereji huo upige pigo moja kali. Kola itapasuka kwa mlio, na itateleza kwa mkono. Ukigusa ekseli kwa grenda, hata kovu dogo tu, angalia lipo wapi. Likiwa mahali sili inapolalia, oili itavuja milele hata ubadilishe sili kumi.

Beringi ya zamani vilevile. Kama presi haiwezi kuishika vizuri, vunja ringi ya nje, toa gololi, ringi ya ndani ikate kama ulivyokata kola.

Safisha ekseli, ikague. Kama ringi ya ndani ilikuwa inazunguka juu ya ekseli, utakuta pameliwa na pameng'aa. Kuna mafundi wanaopiga vidoti vya senta pale ili beringi ibane. Wengine huweka nukta za weldingi kwenye kola. Sikubali hata kimoja. Vidoti husagika, na weldingi huharibu ugumu wa ekseli na kuunguza grisi ya beringi. Ekseli iliyoliwa tafuta nyingine ya mtumba. Kwa walio Dar, Ilala zipo. Nairobi, Kirinyaga Road.

Kupresi usifanye nyumbani kwa nyundo na bomba. Najua wapo wanaofanya. Ipeleke kwa fundi wa mashine ya kuchonga vyuma mwenye presi ya haidroli, kazi yenyewe ni robo saa. Lakini simama pale pale uangalie mambo manne.

La kwanza ni kibati, kipo? Mwonyeshe kwa kidole.

La pili, presi isukume ringi ya ndani tu. Ikisukuma ringi ya nje, nguvu yote inapita kwenye gololi na zinaacha vidimbwi ambavyo huvioni. Baada ya wiki kadhaa gari linavuma tena, nawe unalaumu duka.

La tatu, beringi ifike hadi mwisho kabla kola haijaingia, na upande wa kola usio na mshazari utazame beringi. Kila kitu kipresiwe peke yake, si viwili kwa pamoja.

La nne, kola iingie kwa shida. Tazama geji ya presi na usikilize. Kola ikishuka kama bangili mkononi, simamisha kazi, hiyo kola si yake au ekseli imeliwa. Wapo wanaoipasha kola kwanza kwenye oili ya moto, kiasi cha nyuzi 150, ikatanuka ikaingia kwa urahisi na kubana ikipoa. Hiyo ni njia halali. Moto wa gesi moja kwa moja, hapana, huwezi kujua umefika wapi. Na beringi usiipashe kabisa kama imefunikwa na ina grisi ndani.

Ya shemeji tulipresi ya baridi. Nilipomwambia fundi kuhusu kibati akacheka, akasema naye imeshamkuta.

Sili

Toa ya zamani, angalia ilizama kiasi gani, gonga mpya ifike palepale kwa kutumia soketi kubwa au bomba la saizi yake. Paka grisi mdomoni.

Kurudisha

Ingiza ekseli ukiiinua ili meno yasiburuze mdomo wa sili mpya. Zungusha kidogo kidogo hadi meno yashikane na difu, kisha sukuma. Isipoingia usipige, zungusha tena. Kaza nati nne kwa msalaba. Funga breki.

Kama ulifungua bomba la breki, toa upepo hadi pedali iwe ngumu, na usiondoke uani kabla ya hapo. Jaribu hendibreki.

Oili ya difu iongeze gari likiwa limesimama sawa, hadi ifike ukingoni mwa tundu la kujazia.

Kujaribu

Endesha kilomita kumi hivi kwa taratibu, simama, sogeza mkono karibu na ringi ya tairi ya upande huo, kisha ya upande wa pili. Uvuguvugu ni sawa. Ikiwa ya moto kuliko mwenzake kiasi cha kukutoa mkono, breki inashika au beringi imekaa vibaya. Kaza tena nati za tairi. Baada ya wiki moja lala chini utazame upande wa ndani wa tairi, pakiwa na mstari mbichi wa oili, sili haikukaa.

Sisi tulikwenda hadi Himo na kurudi. Shemeji alizima redio njia nzima akisikiliza. Tulipokaribia nyumbani akaniuliza kama na mimi nasikia kitu upande wa kushoto. Nilikuwa nasikia tangu njia panda, nikanyamaza. Kibati cha upande huo atakifunga kwa waya mwenyewe.