Kumrekodi bibi akisimulia ukoo

Usianze na maswali, anza na picha. Mimi humpa bibi albamu, hasa picha za studio zenye muhuri nyuma, kisha namwachia. Akishika ya harusi ya Ng'ambo, upande wa pili wa mji wa Unguja, kabla ya 1964, kidole chake kitatua kwa mtu ambaye hujawahi kutajiwa. Kamera ifuate kidole hicho, uso utausubiri.

Zima feni na friji. Maikrofoni ndogo ibane kifuani, ushungi usiikwaruze.

Akinyamaza usimjazie maneno. Mapinduzi ya Zanzibar ya 1964 yalitawanya jamaa wengi wa Unguja, wengine hadi Muscat na Dubai, na kimya chake nacho ni historia yenu, kirekodi. Akisema "hilo liache", zima kamera mbele yake, aone. Jioni hiyohiyo nakili kila kitu kwenye diski mbili.