Programu ya zamani inakataa kufunguka, inalia xul.dll au "Couldn't load XPCOM"? Anzia hapa kabla hujadaunlodi chochote

Wakuu, kuna programu kibao za miaka ile ambazo ukiziona ni programu za kawaida za kompyuta ila ndani yake ni brauza, yani zimejengwa juu ya injini ya Firefox inayoitwa XULRunner. Celtx ya kuandikia skripti za filamu ni mojawapo, Zotero Standalone ya kupangia marejeo ya tasnifu ilikuwa humo humo, Songbird ya muziki pia. XULRunner ilitoka 2006, ilipofika 2015 Mozilla wakaachana nayo, kwaiyo ukiziweka kwenye mashine ya leo nyingine hazifunguki, unaambiwa xul.dll haipo au mozglue.dll haipo, au "Couldn't load XPCOM" yani imeshindwa kupakia kiini cha hiyo injini, na wa kwanza kumuuliza atakwambia ingia Google itafute hiyo dll upesti kwenye System32, folda ya Windows yenyewe. Hapana jamani, usifanye hivyo.

Dll (kwa Linux ni .so) ni laibrari ya kushea, yani kodi ambayo programu haijaibeba tumboni, inaiita pale inapowaka. Kwenye familia hii, kubwa lao ni xul.dll, Linux inaitwa libxul.so, humo ndo kuna brauza yenyewe. mozglue.dll inashughulika na memori, alafu nss3.dll, softokn3.dll na freebl3.dll ni kundi la usalama, na nssckbi.dll imebeba orodha ya vyeti vya kuaminika vya intaneti. Zote hizi zimepikwa pamoja kwa toleo moja. Ukichukua nss3.dll ya Firefox mpya ukaichomeka kwenye programu ya 2011 haitakubali, mana kipindi kile nspr4.dll na plc4.dll zilikuwa mafaili yanayojitegemea, baadaye zikaja kumezwa ndani ya nss3.dll, sasa hapo kila mmoja anamtafuta mwenzake pasipo. Na dll ya kuokota kwenye saiti usiyoijua inafanya kazi kwa ruhusa zako wewe, kama ina kirusi umekikaribisha mwenyewe sebuleni.

Kwanza bakapu. Andika %APPDATA% kwenye sehemu ya anwani ya folda, tafuta folda yenye jina la programu yako au la kampuni iliyoitengeneza, ikopi yote kwenye flashi. Seting zako ziko humo, na kwa programu nyingine hata kazi zako, ila mafaili uliyoyasevu mwenyewe kwingine nayo yakopi. Folda ya programu yenyewe ukiiharibu unainstoli upya tu.

Alafu ingia folda ya programu, mara nyingi ndani yake kuna folda nyingine inaitwa xulrunner, tafuta kifaili dependentlibs.list ukifungue na Notepad. Kimeorodhesha laibrari zinazotakiwa kupakiwa, jina moja kila mstari. Linganisha na yaliyomo kwenye folda. Kama kuna jina halipo, kabla ya yote angalia karantini ya antivairasi yako, mafaili ya zamani yasiyo na saini yanabebwa sana huko. Kama halipo hata huko, chukua instola ile ile ya toleo lile lile, jaribu kuifungua na 7-Zip (programu ya kufungulia mafaili yaliyobanwa) bila kuiinstoli, utoe seti NZIMA ya laibrari na ubadilishe zote kwa pamoja. Usitoe moja.

Ujumbe ukisema "Platform version '...' is not compatible with" basi hakuna faili lililopotea, ni toleo la injini ndo haliendani. Fungua application.ini, chini ya [Gecko] utaona MinVersion na MaxVersion, alafu fungua platform.ini uangalie Milestone, ndo toleo la injini uliyonayo. Hiyo Milestone lazima iangukie katikati ya zile mbili. Wengine wanaongeza MaxVersion kwa mkono, itawaka lakini inaweza kukufia katikati ya kazi, mi sishauri.

Ikilia MSVCR100.dll hiyo siyo ya Mozilla, ni ya Visual C++ 2010, ichukue Microsoft wenyewe, na kwa programu ya biti 32 unataka ile ya x86 hata kama Windows yako ni ya biti 64. Ukiona 0xc000007b mara nyingi ni biti 32 na 64 zimechanganywa, na hapa wengi wanapotea kwa sababu System32 ndo inakaa za biti 64 na SysWOW64 ndo za biti 32, majina yamekaa kinyume kabisa.

Wa Linux, piga `ldd libxul.so | grep "not found"` utaona kinachokosekana, kwa kawaida ni libdbus-glib-1.so.2 au libgtk-x11-2.0.so.0. Kama programu ni ya biti 32 na mfumo ni wa 64, terminali itakwambia "No such file or directory" wakati faili unaliona hapo kwa macho, kinachokosekana ni kipakiaji cha biti 32 wala siyo faili lako. Kwa Ubuntu au Debian piga `sudo dpkg --add-architecture i386`, alafu `sudo apt update`, alafu uinstoli libc6:i386, libdbus-glib-1-2:i386, libgtk2.0-0:i386 na libxt6:i386. Kwenye matoleo mapya jina la paketi linaweza kuongezewa t64 mwishoni.

Ikishawaka, isipounganika na intaneti usihangaike nayo. Firefox yenyewe ilianza kuja na TLS 1.2 (njia ya kulinda mawasiliano ya intaneti yasisomwe na wengine) ikiwa imewashwa kwenye toleo la 27, mwaka 2014, kwaiyo injini ya kabla ya hapo seva nyingi za leo zinaikatalia. Itumie nje ya mtandao tu, ni salama zaidi hivyo.

Na kama ni Celtx na imegoma kabisa, skripti yako haijapotea. Faili la .celtx ni zip, kopi lako libadilishe jina mwisho liwe .zip, lifungue, ndani utakuta skripti ikiwa faili la html, bofya lifunguke kwenye brauza yoyote alafu ukopi maandishi uendelee kwingine.