Kuishi na kamera Mombasa bila kungoja prodyusa

Ukitaka kutengeneza filamu zako hapa Mombasa na kodi bado ilipwe, lazima ujue kazi zaidi ya moja, manake prodyusa wa kukutolea pesa hayuko, wewe ndo utaandika, utashuti, kisha usiku ukae uediti. Ila usizivamie zote kwa pamoja. Anza na sauti.

Nasema sauti kwa sababu kila kijana anakimbilia lenzi. Picha ikiwa na giza kidogo watu huvumilia, maneno yasiposikika wanatoka saa hiyo hiyo. Na kwetu upepo hauna huruma, msimu wa kusi ukishuti Mama Ngina na maiki isiyo na manyoya, kile kifuniko cha kukinga upepo, utarekodi mvumo mtupu, kwa hivyo nunua maiki ndogo ya kubana kwa shati pamoja na manyoya yake kabla hujawaza lenzi ya pili. Ama muingize mhusika kwa kichochoro cha Mji wa Kale, zile kuta nene zinazuia upepo, lakini adhana ikianza ngoja iishe, manake ukija kukata mazungumzo baadaye adhana itarukaruka na hakuna namna ya kuificha, na pia si heshima.

Kamera weka fremu 25 kwa sekunde na kasi ya shata 1/50 ya sekunde, umeme wetu ni hezi 50, ukiweka 30 na 1/60 taa za dukani zitachezacheza kwa picha. Shuti nje asubuhi mpaka kama saa tatu, kisha rudi saa kumi, hapo katikati jua la utosini linatia watu vivuli machoni, fanya za ndani. Ukitoka baharini futa chumvi. Kadi usiifute mpaka kazi iwe kwa diski mbili. Kuediti, programu ya DaVinci Resolve ya bure yatosha kabisa.

Pesa ni harusi, usizidharau. Dada zangu haswa, shughuli za kina mama mwanamume na kamera yake haingii, hiyo ni kazi yenu. Chukua nusu ya malipo mapema na muandikiane kwamba video haiendi mtandaoni bila idhini ya wenyewe, ukivunja hilo mara moja mtaa mzima utajua. Kila ukilipwa toa kitu cha filamu yako, hata kidogo.

Ruhusa: leseni ya kushuti ni KFCB, ile bodi ya kuainisha filamu Kenya, Fort Jesus iko chini ya Makumbusho ya Taifa, droni ni KCAA, mamlaka ya usafiri wa ndege. Feri ya Likoni usichomoe kamera kabla hujapewa ruhusa.

Filamu ikiisha tia maandishi ya Kiingereza chini, peleka ZIFF, tamasha la filamu kule Zanzibar, lakini kabla ya kuituma tafuta projekta na shuka jeupe, alika majirani baada ya isha, wewe kaa nyuma uangalie ni wapi wanaanza kutoa simu, hapo ndo pa kukata.