Namna ya kupasua wakati kwenye hadithi ya Dodoma usije ukapotea mwenyewe

Wakati unaogawanyika, tukio moja likashika njia mbili, usiuchore kama mti. Uchore kama korongo. Mti hutoa matawi tu, basi. Korongo hugawanyika penye kichuguu, mkono mmoja ukakauka, mwingine ukaungana na mwenzake huko mbele. Na lililokauka bado lina maji, ukichimba mchanga unayakuta. Nadharia yote imesimama hapo: tawi likikauka halifi, linajificha chini.

Nunua kaunta buku ya kwaya mbili na kalamu za rangi tatu. Ni tatu kwa sababu msomaji hawezi kufuata zaidi ya matawi matatu yaliyo hai. Kila tawi likizaa mawili na usikaushe hata moja, ukifika hatua ya kumi una matawi 1,024, na hapo hata wewe mwandishi hujui nani amekufa.

Panda ya kwanza, yaani pale wakati unapogawanyika, iwe ndogo. Wengi hukimbilia 1973, TANU ilipoamua makao makuu yahamie Dodoma. Ukiufuta uamuzi ule, Mtumba hakuna Mji wa Serikali, chuo kikuu cha 2007 hakipo, na kurasa hamsini zinaisha ukieleza mitaa. Afadhali Sechelela, muuza zabibu wa Majengo: kilo ya mwisho ama anamuuzia konda, ama anamnyima. Konda akichelewa dakika mbili, basi limekuachia hadithi.

Kwa kila panda andika mistari minne: siku na saa, kilichotofautiana, nani anakumbuka, kitu gani kimevuka. Huo wa nne ndio unaorukwa, na ndio wenye utamu. Kivuke kitu kimoja tu, tena cha kushikika. Mfano, doti ya kanga ya Sechelela. Vipande vyote viwili vina pindo moja na mji (pambo la katikati) mmoja, lakini jina, yale maneno yaliyoandikwa, la kipande cha pili ni jingine kabisa. Doti haiuzwi hivyo. Msomaji akiliona hilo, huhitaji mwanasayansi wa kumfafanulia.

Sasa kuyumba, yaani saa za matawi kuachana. Amua tawi la pili linatangulia kwa kiasi gani, usibadilishe katikati. Dakika 5 kwa siku zinatosha: siku ya 12 ni saa nzima, siku ya 72 ni saa sita. Hapo kuna mtego ambao waandishi wa kwingine hawanao. Saa ya ukutani iliyotangulia kwa saa sita, asubuhi saa moja, mshale wake mfupi uko kwenye 1. Sechelela ataiangalia na kudhani mwenye nyumba ameirekebisha isomeke Kiswahili. Ukitaka kasoro ijifiche, iache hapo hapo. Ukitaka ionekane, mpe simu inayoandika 13:00. Siku ya 144 usiitumie kabisa kwa saa ya mishale: tofauti ni saa kumi na mbili, mishale inalingana na kila kitu kinaonekana kizima.

Mruko mkubwa wa miezi usiupime kwa saa, upime kwa mvua. Dodoma ina msimu mmoja wa mvua, takriban Desemba hadi Aprili. Korongo likitiririka Agosti, kila mwenyeji ameshajua kuna kitu kimeharibika. Ukiweka mvua hiyo Januari, umepoteza ishara bure.

Matawi yakikutana tena, lazima pawe na gharama. Hugh Everett, mwanafizikia wa Marekani aliyetoa wazo la ulimwengu kugawanyika mwaka 1957, hakuyaruhusu matawi yake kutembeleana. Wewe umeyaruhusu, kwa hiyo lipa. Kila muungano ufute kumbukumbu moja ya mtu anayeshika kile kitu kilichovuka. Iandike kwa kalamu nyekundu siku hiyo hiyo, maana kosa linalorudi sana ni mhusika kulitaja jambo alilolisahau kurasa tatu nyuma.

Mwishoni pitia rangi moja moja, toka mwanzo hadi tawi linapokauka. Tawi lisilosomeka peke yake bado halijaandikwa.