Shuka jeupe kwenye seti? Lichovye kwenye chai kwanza
Wadau wa kupamba seti za filamu, shuka au shati jeupe pe usiliweke mbele ya kamera hivyo hivyo, linawaka kama taa, sura ya msanii inafifia na jicho la mtazamaji linakimbilia kitandani. Chemsha maji sufuria kubwa, tupia majani ya chai mpaka ikolee kweli, chuja (mimi sikuchuja nikapata madoadoa kama surua), lowesha nguo kwa maji ya kawaida ndo uichovye dakika kama 10 huku unaigeuzageuza, suuza, anika. Ikiwa imelowa itaonekana imekolea sana, usiogope, ikikauka inapauka, kwa hiyo subiri ikauke ndo uamue kurudia. Kwa macho itakuwa na rangi ya krimu flani ila kwenye monita (skrini ya kuangalia picha ya kamera) utaona nyeupe safi na mikunjo yote inaonekana. Hii ni ya pamba, poliesta haishiki rangi, hapo nunua tu ya krimu. Na kama msanii ana mashati 3 ya sini (tukio la filamu) moja yachovye yote pamoja sufuria moja, la sivyo yatapishana rangi. Nguo ya kuazima usiguse kabisa, rangi haitoki yote hata ufue vipi.