Mstari unakata mihimili wapi? Tafuta kwa hesabu kabla ya kushika rula

Ukipewa mlinganyo wa mstari mnyoofu ili uuchore, huhitaji kujaza jedwali refu la thamani za x na y. Nukta mbili zinatosha, na mara nyingi zilizo rahisi kupatikana ni zile ambapo mstari unakata mihimili. Tuchukue 2x − 5y = 20.

Kabla ya hesabu, kuna jambo moja la kuelewa, si la kukariri. Weka kidole kwenye (0, 0), pale mihimili inapokutana, kisha kisogeze kulia juu ya mhimili wa x: (1, 0), (2, 0), (3, 0). Kidole hakijapanda wala kushuka, kwa hiyo y imebaki 0 muda wote. Hapa ndipo wanafunzi wengi wanapoteleza: wakiulizwa mstari unakata wapi mhimili wa x, wanaweka x = 0. Ni kinyume chake. Kwenye mhimili wa x, sifuri ni y.

Hatua ya 1: mhimili wa x. Weka y = 0.

2x − 5(0) = 20
2x = 20
x = 10

Nukta ni (10, 0). Iandike hivyo, na mabano yake. Ukiandika 10 peke yake, anayesahihisha hajui unazungumzia mhimili upi.

Hatua ya 2: mhimili wa y. Weka x = 0.

2(0) − 5y = 20
−5y = 20
y = −4

Nukta ni (0, −4). Angalia sana alama ya kutoa iliyo mbele ya 5. Ikisahaulika, jibu linakuwa 4 na mstari wote unainamia upande usio wake.

Hatua ya 3: hakiki. Weka x = 5, utapata y = −2. Chora nukta zote tatu, halafu weka rula. Isipopita kwenye zote, rudi kwenye hesabu, usiilazimishe rula.

Nukta hizi zina maana nje ya daftari pia. Tanki lina lita 1,000 na linatoa lita 40 kwa saa. Ikiwa x ni saa zilizopita na y ni lita zilizobaki: y = 1,000 − 40x. Mhimili wa y unakatwa kwenye 1,000, yaani maji ya mwanzo. Weka y = 0 na utapata x = 25: baada ya saa 25 tanki ni tupu.

Mistari mingine ina tabia zake. y = 2x hukata mihimili yote miwili kwenye (0, 0), kwa hiyo tafuta nukta nyingine, mfano (1, 2). Na x = 5? Ukiweka x = 0 unapata 0 = 5, jambo lisilowezekana. Hujakosea hesabu: mstari huo umesimama wima, sambamba na mhimili wa y, na haukati mhimili huo popote. Andika hivyo kama jibu.